Mafaili Yasiyo na Mrithi

Mirathi ya Haroub iligawanywa siku ya arobaini na mbili, asubuhi, barazani kwake Moa, na hapakuwa na ugomvi. Watu walisifu jambo hilo. Mjane akapata thumni yake, binti wa pekee akapata nusu, kilichobaki kikaenda kwa ndugu wa marehemu, Shaame, kama sheria inavyosema. Minazi, nyumba, baiskeli, saa ya ukutani, kila kitu kilitajwa, kikathaminiwa, kikapata mwenyewe.

Mwanaasha, mjane, alisikiliza yote akiwa nyuma ya pazia la mlango. Alikuwa ndani ya eda, hatoki, hajitii manukato, hapaki wanja, havai cha rangi, mpaka itimie miezi minne na siku kumi. Kila walipomuuliza kama ameridhika alijibu ameridhika. Wangemuuliza kama ameridhika paa ling'olewe, angejibu vile vile.

Ilipofika zamu ya kompyuta ndipo walipokwama kidogo. Haroub alikuwa karani wa kupitisha mizigo mpakani Horohoro miaka ishirini na mitatu, na nyumbani alikuwa na kompyuta yake ya mezani, na kando yake kidisiki cheusi cha kuchomeka, ukubwa wa kipande cha sabuni. Shekhe Sabiri, aliyesimamia mgawo, akauliza mali hasa ni ipi, chombo au kilichomo. Mmoja akasema kazi zote za marehemu zimo kidisikini. Tuhfa, yule binti, alikubali, akasema baba yake alikuwa akikichomeka, anafungua programu yake ya nasaba humo humo, akimaliza anakichomoa na kukifungia sandukuni. Basi ikaonekana rahisi. Kidisiki kimwendee Tuhfa, maana ndiyo kazi ya baba yake. Kompyuta, ambayo ni bati na nyaya tu, iingie fungu la ami yake. Shaame aliichukua siku ile ile kwa bodaboda hadi kwake Horohoro, ameipakata kama mtoto anayepelekwa kliniki.

Hakuna aliyedhamiria ubaya. Mabaya mengi huja hivyo, hayana mtu wa kumnyooshea kidole.

Sasa, hiyo programu ya nasaba ilikuwa na mambo. Haroub, tangu ujana wake, alikuwa akiandika ukoo wa Wapemba wote waliovuka kuja kukaa Moa, nani mtoto wa nani, nani kaoa wapi. Lakini hakuishia kwenye damu. Aliandika na ziwa. Mtaani kwao wanawake walikuwa wakiachiana watoto siku za kuvuna mpunga, na mtoto akilia hakuulizwa mama yake ni nani, alipewa ziwa lililokuwa karibu. Na sheria ni moja, kila mtu anaijua: mtoto akinyonya kwa mwanamke mara tano, za kushiba, kabla hajatimiza miaka miwili, yule ni mama yake, na wanawe ni ndugu zake. Hawaoani. Kwa hiyo Haroub aliandika, kusudi watu wasije wakaoa dada zao bila kujua.

Na mtoto aliyenyonya kwa wengi kuliko wote alikuwa Tuhfa mwenyewe. Alipozaliwa, mama yake alitokwa damu nyingi, akakimbizwa Tanga, akalala hospitali siku ishirini na moja. Mtoto akabaki Moa na baba. Wanawake wa mtaa walimnyonyesha kwa zamu, katikati akinyweshwa maziwa ya kopo, na Haroub, mtu wa kalamu, akawa anaandika kwenye daftari: nani, siku gani, saa ngapi, ameshiba au hakushiba. Baadaye aliyahamishia kwenye programu, na vizuri alifanya, maana mvua ya masika ilivujia lile daftari, wino ukakimbia, likawa halisomeki.

Mmoja wa wanawake waliokuwa wakiingia nyumba ile siku zile alikuwa Kazija. Huyu alifariki zamani, akamwacha mwanawe Idarusi, ambaye sasa ni fundi wa boti za faiba hapo hapo Moa, kijana mpole, mikono yake haiishi harufu ya gundi. Idarusi na Tuhfa walitakana. Posa ililetwa Haroub yu hai, na Haroub alifurahi, akawapa wageni maji ya madafu, kisha akasema neno moja: wampe siku mbili, aangalie.

Siku ya pili alianguka akitia udhu. Hakuinuka.

Aangalie nini, hakuna aliyehitaji kuelezwa. Mtaani walianza kukumbuka kila mtu lake. Wengine walisema Kazija alikuja mara moja tu. Wengine walisema alikuwa akileta uji wa baba, mtoto hakumgusa. Baba yake Idarusi alikuwa dagoni, kwenye kambi ya wavuvi, mwezi ule mzima, hajui lolote. Shekhe Sabiri akaulizwa, naye akajibu kwa utaratibu kwamba shaka peke yake haiharamishi ndoa. Kama hakuna anayejua hesabu, vijana waoane. Lakini kama baba mtu ameacha maandishi, ni wajibu yatazamwe kwanza. Wakamuuliza, je, maandishi yakiwa hayafunguki? Akasema kisichosomeka ni kama hakipo.

Tuhfa alilishika neno hilo la mwisho. Alikuwa mwalimu wa hesabu shule ya msingi, na laptopu yake ndogo aliipata chuoni. Alichomeka kidisiki cha baba yake mbele ya mama yake, akabonyeza alama ya programu. Kioo kikatoa kijisanduku chenye maneno.

Mwanaasha aliuliza kimesema nini. Tuhfa akamwambia kimesema kuna faili halipo, lina jina refu lisilotamkika, na mkiani lina d moja na l mbili. Akabonyeza tena, likaja lile lile. Akafunga laptopu taratibu, na mama yake akaona mabega ya mwanawe yameshuka, kama mtu aliyetuliwa mzigo.

"Haifunguki, mama," alisema.

Mwanaasha alikuwa akikunja kanga. Aliikunja, akaikunjua, akaikunja tena. Tangu Haroub alipozikwa alikuwa hivyo. Watu walikuja kulia naye, wakalia peke yao. Uji walimtilia chumvi, siku nyingine wakasahau, naye hakujua tofauti. Alijua kuwa jambo la Tuhfa ni kubwa, kama unavyojua kuwa mji fulani uko mbali, lakini hakulisikia kifuani. Kitu kimoja tu kilikuwa kimebaki ndani yake, nacho hakikuwa huzuni wala hofu. Kilikuwa ile sauti ya Haroub ikisema ataangalia.

"Mwite Innocent," alisema.

Tuhfa aliweka laptopu kando. Kisha akauliza, bila ukali:

"Mama, kwani weye unataka nini?"

"Sitaki kitu."

"Basi si tuache?"

"Baba yako alisema ataangalia. Hakuangalia."

Innocent alikuwa fundi wa kompyuta wa Maramba. Babu yake aliletwa kukata mkonge, na wao wakabaki, wakajenga, wakaabudu kanisani kwao. Ni baba wa watoto watatu sasa, lakini Mwanaasha alimkumbuka akiwa kijana aliyekuja na mfuko wa bisibisi, miaka saba nyuma, kompyuta ya kwanza ya Haroub ilipokufa. Alifika siku ya pili asubuhi, akaketi barazani, laptopu ikawekwa juu ya kigoda mbele yake. Pazia lilikuwa kati yao.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Watoto hawajambo?"

"Hawajambo. Pole kwa msiba. Mzee alikuwa mtu wangu sana."

Akasema tena maneno mengine ya pole, mazuri, naye akayaitikia yote moja moja. Kisha Innocent akafungua kazi, akachungulia, akacheka kidogo puani. Akasema alijua tu. Mwanaasha akamwambia amweleze polepole, maana yeye shule aliiacha darasa la nne, na amweleze kweli, asimfupishie.

Innocent akaeleza. Programu ile ilikuwa ya zamani mno. Iliundwa kwa kompyuta za enzi zake, na kompyuta mpya ya Haroub ilipoletwa iliikataa kabisa. Marehemu hakutaka nyingine. Alisema hii ameizoea kama kiatu. Basi Innocent akaijengea ganda. Programu ikawa inakaa ndani ya ganda lile, kidisikini, nayo inadhani bado imo ndani ya kompyuta yake ya zamani. Ikitafuta kabati lake, ganda linaionyesha kabati. Ikitaka kuandika ukutani, ganda linaipa ubao wake yenyewe, ukuta wa watu haugusi. Haijui kama ilihamishwa.

"Haijui?" Mwanaasha aliuliza.

"Haijui, mama. Ukiijulisha haifanyi kazi."

Lakini ganda halisimami peke yake, akaendelea. Linaegemea. Kuna mafaili fulani aliyatia kwenye tumbo la kompyuta ya mezani, katika maktaba ya mfumo. Hayo hufungui ukaona kitu. Hayana picha wala maandishi ya mtu. Kazi yake ni kuazimwa. Ganda likitaka kuamka linaazima hili, linaazima lile, likilala linarudisha. Laptopu ya Tuhfa haina mafaili hayo, ndiyo maana ganda limeamka, likapapasa, likakosa, likalala tena.

Mwanaasha alifikiri kinu cha jirani. Nyumba nyingi zilikuwa hazina kinu, na hakuna aliyehesabu kuwa hana, kwa sababu kipo uani kwa jirani. Kinu hakiliwi. Lakini jirani akihama nacho, mchele hautoki kwenye maganda.

"Kwa nini hukuyatia humo humo kwenye kidisiki?" akauliza.

Innocent aliondoa mikono kwenye vitufe. Alikuwa mtu mkweli.

"Mambo mawili, mama. Kidisiki cha kwanza kilikuwa kidogo, nikaogopa kukijaza. La pili, sikufikiri ipo siku vitatengana."

Upepo ulilivuta pazia, ukalirudisha. Mwanaasha alilitazama pindo lake. Alijua hapo ndipo mtu mwingine angelia.

Innocent alisema dawa iko karibu: kompyuta ya mezani ipo Horohoro kwa Bwana Shaame, afungue, anakili mafaili mawili matatu, yamekwisha. Tuhfa akapelekwa kupiga simu. Alipiga akiwa uani, akarudi akasema ami anakuja mwenyewe.

Shaame alikuja kabla ya adhuhuri, na kompyuta hakuja nayo. Alikuwa mtu wa maskhara, hata msibani alichekesha watu makaburini, lakini safari hii aliketi kwenye ncha ya baraza kama mgeni asiyejulikana. Alimjulia hali shemeji yake kupitia pazia, akaulizia mifugo ambayo Mwanaasha hakuwa nayo, akazunguka mbuyu mara mbili tatu. Mwishowe akalitoa la moyoni.

Ilikuwa hivi. Alipofika na fungu lake nyumbani alikosa raha. Kompyuta ni halali yake, sawa, lakini ndani yake je? Si huenda kimesalia kitu cha Haroub, ambacho sasa ni cha yatima? Na kula mali ya yatima ni kula moto. Alikaa siku mbili haigusi, ameifunika shuka. Siku ya tatu akaipeleka kwa fundi mmoja hapo mpakani, akamwambia akague kila kitu, na chochote alichokitia marehemu au kilichotiwa kwa ajili yake kiondolewe, kisibaki hata kipande.

"Sikutaka kesho kiama nisimamishwe juani nidaiwe kifaili," alisema Shaame. "Fundi akanambia, mzee, kuna vitu humu vilipandikizwa, si vya kompyuta hii. Nikamwambia futa. Akanambia havina madhara. Nikamwambia mie sikukuuliza madhara, futa."

Innocent alijishika paji la uso. Alimwambia Shaame, kwa heshima, kwamba mafaili yale hayakuwa ya marehemu. Hata yeye Innocent aliyeyatia, hayakuwa yake. Yalikuwa ya kuazimwa tu.

"Basi yalikuwa fungu la nani?" Shaame akauliza. "Maana pale tuligawa kila kitu, mpaka kata ya maji."

Jibu lilitoka nyuma ya pazia.

"Hayakuwa fungu la mtu, shemeji."

"Sasa kitu kisicho cha mtu kinagawanywaje?"

"Ndiyo hivyo."

Shaame alitikisa kichwa. Akasema yeye maisha yake yote hajapata kumcha Mungu kwa bidii namna ile, na mara moja tu aliyojaribu, tazama. Tuhfa, aliyekuwa amesimama kando ya nguzo, alitabasamu kidogo, kisha akaangalia kwingine. Mwanaasha aliona tabasamu lile kwa upenyo wa pazia. Alijua halikuwa la maskhara ya ami yake. Alijua mwanawe anaona mlango unafungwa wenyewe, bila mtu kuusukuma, na kwamba ukifungika atatoka nje ya nyumba hii akiwa mke wa Idarusi.

Innocent hakukubali kushindwa mbele ya kazi yake mwenyewe. Alitafuta kwenye laptopu ya Tuhfa, akapata faili moja lenye jina lile lile hasa, akalisogeza karibu na ganda. Programu ikaamka nusu. Kioo kikawa cheupe, kikatetemeka, kikazima. Akaeleza kwamba jina ni moja lakini faili ni la kizazi kingine. Ni kama kumwita Ali sokoni, watageuka kumi, wako hayumo. Inatakiwa maktaba ya kompyuta ya umri ule ule wa programu.

"Ipo?" Mwanaasha aliuliza.

"Ninaijua moja," Innocent alisema. "Kama bado inawaka."

Aliondoka. Shaame naye akaondoka, amekataa kula. Siku mbili zilipita ambazo Mwanaasha hakuweza kuzikumbuka baadaye. Tuhfa alikwenda shule, akarudi, akapika. Jioni moja Idarusi alipita mbele ya nyumba, akasimama nje ya ua, akasalimu kwa sauti ya kusikika na wote, kama adabu inavyotaka, na Tuhfa akaitikia kutoka jikoni, amejifunika mpaka kidevuni ingawa hakuna aliyemwona. Walisalimiana hivyo mwaka mzima. Mwanaasha alikuwa akiwasikia, na enzi zile, Haroub yu hai, walikuwa wakiminyana yeye na mumewe na kucheka kimya kimya.

Usiku huo Tuhfa alimkanda mama yake miguu. Alisema maneno machache tu. Alisema kama Innocent hatarudi, yeye hatamlaumu mtu. Mwanaasha akasema vyema. Alitaka kuongeza kitu, akakitafuta, hakukiona.

Siku ya tatu Innocent alirudi, saa nne asubuhi, na vumbi la barabara ya Maramba mpaka kwenye nyusi. Kompyuta aliyoijua ilikuwa ya kanisani kwao, ya umri ule ule, imo ndani yake vitabu vya ubatizo tangu enzi za mashamba. Bibi Dorkasi, karani wa usharika, anaiwasha kwa dua na kuizima kwa dua. Alimweleza shida, ya kwamba kuna familia ya Kiislamu Moa inahitaji mafaili mawili ya maktaba, na Bibi Dorkasi akauliza swali moja tu: akinakili, yake yatapungua? Innocent akamwambia hayapungui. Basi chukua, akasema, moto huazimwa kwa jirani yeyote.

Yalikuwa kwenye flashi, ndogo kuliko ukucha. Innocent akaichomeka, akaandika maneno kwa vidole viwili. Tuhfa alikuwa ameitwa aje akae karibu, lakini alisema anapika kahawa, na kahawa ile ilichukua muda mrefu. Mwanaasha alikaa kwenye mkeka wake nyuma ya pazia, mgongo ukutani. Alisikia vitufe, kisha kimya, kisha mlio mmoja mfupi, wa kengele ndogo. Aliujua. Ndio mlio uliokuwa ukitoka chumba cha pili kila baada ya isha kwa miaka mingi, na yeye akimwambia Haroub hebu zima hilo dude uje ulale.

"Imefunguka, mama," Innocent alisema. Hakuficha furaha yake. "Imefunguka kama jana. Unatafuta nini humu?"

"Tafuta jina la Tuhfa."

"Hili hapa. Tuhfa binti Haroub. Kuna baba, kuna mama, kuna mababu... Kuna mahali pameandikwa ziwa. Nifungue?"

"Fungua."

"Ni orodha ya wanawake. Ya nini hii, mama, chanjo?"

"Soma tu, mwanangu."

Innocent akasoma, kwa sauti ile ile ambayo mtu husomea majina ya vijiji kwenye ramani. Alisoma Mize, mara kumi na nne. Chumu, mara tisa. Salama, mara mbili, hakushiba. Kazija, mara saba. Mbele ya kila mara palikuwa na siku na saa, na maneno mafupi ya Haroub.

"Huyu Kazija," Innocent alisema, "ameandikiwa vizuri kuliko wote. Ameshiba, ameshiba, ameshiba, zote saba. Ya mwisho ameandika, ameshiba, amelala, nami nimelala."

Mwanaasha aliwaona. Hakutaka, lakini aliwaona, mwanamume na mtoto mchanga wamelala adhuhuri, na mwanamke mwema anarudisha mlango na kwenda zake kwa mwanawe. Yeye wakati huo alikuwa Tanga kitandani, hajijui. Alingoja uchungu uje. Haukuja. Kulikuwa na hesabu tu, saba, na saba ni zaidi ya tano.

Innocent alikuwa akiendelea kusema. Alisema mafaili yale hayajaingia kwenye laptopu bado, yanaazimwa kutoka kwenye flashi yake. Akiichomoa, programu haitafunguka tena, itakuwa kama ilivyokuwa juzi. Kama wamekwisha ona walichotaka, anaweza kuondoka nayo. Kama wanaihitaji, atayahamishia kidisikini, safari hii yakae pamoja na ganda, yasitengane tena.

"Niyahamishie, mama, au basi?"

Uani, Tuhfa alikuwa akipanga vikombe kwenye sinia. Mwanaasha alivisikia vikigongana. Alijua hakuna aliyesikia isipokuwa yeye na mtu asiyejua alichokisoma. Neno moja fupi, basi, na Innocent atachomoa kitu kidogo kuliko ukucha, atakitia mfukoni, ataondoka nacho Maramba kwenye vitabu vya ubatizo. Kisichosomeka ni kama hakipo. Tuhfa angeolewa, angezaa. Yeye Mwanaasha angebeba saba peke yake, na wala isingemwelemea. Siku hizi hakuna kilichomwelemea. Hilo ndilo lililomzuia. Alijua mtu asiyesikia uzito hafai kuachiwa mzigo wa watu.

Hatua za Tuhfa zikaja ukumbini, zikampita, pazia likainuka na kushuka. Sinia ikawekwa juu ya baraza.

"Innocent," Mwanaasha alisema.

"Naam, mama."

"Soma tena. Mwenyewe amekuja."

Innocent akasoma tena. Mize, kumi na nne. Chumu, tisa. Salama, mbili. Kazija, saba, ameshiba zote. Safari hii sauti yake ilikuwa ikipungua kila jina, maana alikuwa akimtazama Tuhfa usoni, na alipofika mwisho alikuwa ananong'ona.

"Kuna kosa, dada?" aliuliza. "Nimekosea kitu?"

"Hujakosea," Tuhfa alisema.

Alimimina kahawa. Mwanaasha, kwa upenyo wa pazia, aliuona mkono wake. Ulimimina mpaka kikombe kikajaa, kikafurika, ikatiririka sahanini, sahani ikajaa, ndipo akainua birika. Akamsogezea Innocent na kipande cha kashata. Akaketi. Akakitazama kioo kwa muda mrefu, mwandiko wa baba yake uliogeuzwa herufi za mashine.

"Yahamishie, kaka Innocent," alisema. "Yakae na ganda lake."

Innocent akayahamisha. Ilichukua muda usiotosha kahawa kupoa.

Shekhe Sabiri aliarifiwa. Shaame aliarifiwa pia, akasema kwa simu kwamba laiti angeendelea kuwa mtu wa maskhara, kisha simu ikakatika. Kwa Idarusi alikwenda Tuhfa mwenyewe, na walichoambiana hakuna aliyekisikia, kwa hiyo hakisimuliwi hapa.

Ijumaa baada ya sala, Idarusi alikuja. Alisimama nje ya ua kama alivyozoea, akasalimu kwa sauti ya kusikika na wote. Tuhfa akamwambia apite. Yeye akasita. Tuhfa akamwambia tena apite, sasa ni kwao, aingie mpaka uani. Kwa Mwanaasha bado alikuwa mwanamume wa nje, kwa hiyo Mwanaasha alibaki chumbani na pazia lake. Lakini Tuhfa alimtokea Idarusi kichwa wazi, nywele zimesukwa, kwa sababu sheria inaruhusu. Dada hajifuniki kwa kaka yake.

Alimwekea kiti. Akamletea chai. Akamwita kaka, mara moja, kwa kulijaribu neno. Idarusi aliitikia. Alikuwa akitazama sakafu, mahali ambapo saruji imepasuka, na aliendelea kupatazama hapo mpaka chai ikafanya utando. Hakumtazama hata mara moja. Ilikuwa halali yake kumtazama, na hakuweza.

Baada ya kitambo Tuhfa aliingia ndani. Alifungua kabati, akatoa mtandio, akajifunika mpaka kidevuni, akatoka tena kuketi naye. Hakuna aliyemwamuru.

Mwanaasha aliwasikia wakizungumza habari za boti. Mtu wa Horohoro ameleta yake imepasuka ubavuni, faiba haishiki kwa sababu ya mvua. Alichukua kanga, akaikunja. Akakumbuka kuwa leo asubuhi uji ulikuwa hauna chumvi, na kwamba alilijua hilo alipokuwa akiunywa, na hakumwambia mtu.